Kwa Keji, Aliyesimamisha Milango Uwanjani Koboko

Keji, mwaka umetimia tangu tukulaze kaburini Dranya, ile Agosti ya 1996, na nyumba haijazoea. Homa ilikumaliza kwa siku nne. Mama yako Celestina bado anakupakulia ugali wa muhogo, kisha anakumbuka na kuurudisha chunguni.

Walikuita kichaa, ukacheka. Uliokota milango tisa kwenye magofu ya nyumba zilizoachwa mwaka wa themanini, watu walipokimbia vita kwenda Zaire na Sudan, ukaisimamisha katika uwanja wa mpira, bila ukuta wala paa.

"Mlango iko, nyumba hakuna. Mutu ataingia wapi?" mjomba wako Yakani aliuliza.

"Hiyo ndiyo kazi yangu, mjomba. Gonga, sema jina ya mwenye nyumba."

Kazi gani hiyo, jamani! Lakini aligonga, akataja, akalia mbele za watu. Koboko nzima ikapanga mstari. Mama yako aligonga wa mwisho. Alisimama weee, ndipo akamtaja baba yako Taban, ambaye mpaka leo hatujui kaburi lake. Kamera uliazima kwa Romano, mpiga video wa harusi kutoka Arua, na majina yote ukayatia kwenye kaseti moja. Ulisema utaipeleka Kampala.

Ulikuwa mkarimu mpaka unaudhi. Mgeni akisifu kandambili zako, anaondoka nazo.

Sasa tukuambie, maana tumechoka kuficha. Siku ya kukuzika, ndugu zetu wa Yei, kule Sudan, hawakuweza kuvuka mpaka kwa sababu ya vita vyao. Tulitaka nao wauone udongo ukimwagwa, wapate kulia vizuri. Romano akaja na kamera, kaseti hana. Mama yako akaenda mwenyewe kwenye sanduku lako.

"Chukua hii," akamwambia. "Iko ya milango tu."

Hakuna aliyemzuia, Keji. Tulioijua kaseti ile tulikuwepo, tukilia tu. Romano akapiga mazishi yako juu ya kazi yako. Nakala hukuacha.

Tuligundua siku ya arobaini, tulipoiweka kwenye kibanda cha video. Nyimbo, jeneza, udongo. Kisha, mwishoni kabisa, kipande kidogo kimesalia: mkono wa mama yako unagonga, na sauti yako nyuma ya kamera inasema, "Sema jina, Mama." Hapo kaseti inakwisha. Kumbe hata siku ile ilikwisha kabla hajataja.

Mama yako alipiga yowe. Siku hizi hapigi. Kila Jumapili anaomba awekewe, anakuangalia ukizikwa mpaka mwisho, anangoja umwambie, "Sema jina, Mama."

"Keji," anajibu, na skrini imeshakuwa nyeusi.

Unakumbukwa na mama yako Celestina, mjomba Yakani, dada yako Elena, ndugu wa Yei, na Romano, ambaye hajatusamehe wala hajajisamehe. Hatutakusahau, binti yetu. Hatuna kingine tulichobaki nacho cha kukupa.