Sombe ya Nadine

Jumatatu, 6 Mei

Nimeandika vibali vya kusafirisha samaki mpaka saa sita. Baiskeli za wachuuzi kutoka Kabuta zilijaa mlangoni. Zamu yangu ya kupikia ofisi mboga. Nimepika majani ya muhogo kwa karanga, kama wenyeji. Mawese hayajaingia chunguni mwangu miaka mitatu. Watu wamesahau kwamba nilizaliwa Pweto, nchi ya ng'ambo ya ziwa. Ndivyo ninavyotaka.

Mwisho wa mwezi atabaki karani mmoja. Mimi au Nadine, aliyetoka kambi ya wakimbizi juzi tu. Naogopa.

Jumatano, 8 Mei

Zamu ya Nadine. Majani yaleyale, lakini sombe ya kwetu, nyekundu kwa mawese. Nilisubiri wamcheke. Mama Mutale, anayefagia ofisi, alimwambia amepika rangi ya midomo, kisha akaramba vidole. Ba Chilufya, mkubwa wetu, aliongeza mara mbili.

Nina wivu. Niandike wazi. Hanizidi kupika. Anapika bila woga.

Ijumaa, 10 Mei

Sasa Nadine anakaa karibu na Ba Chilufya wakati wa kula. Leo aliniita yaya, yaani dada mkubwa, mbele ya wote, kwa Kiswahili cha kwetu. Nilimjibu kwa Kibemba, kama wenyeji. Hakukasirika. Hilo nalo liliniudhi.

Jumatatu, 13 Mei

Mimi na Nadine tulikuwa tunaosha sahani. Aliniuliza, "Yaya, Ba Chilufya anapendaka samaki gani? Nataka nitie mu sombe."

Ba Chilufya ni Msabato. Samaki asiye na magamba hamgusi. Mtu akikaa hapa mwaka mmoja analijua. Nadine ana wiki tatu.

Nikasema, "Kambale wa moshi."

Akanishukuru.

Jumanne, 14 Mei

Ningeweza kumwambia Nadine ukweli leo. Alikuwa mezani kwake tangu asubuhi. Sikumwambia.

Jumatano, 15 Mei

Nadine alimtwanga kambale pamoja na majani. Samaki hakuonekana. Ba Chilufya alikula matonge manne, akasifu, akauliza kuna nini ndani. Nadine akamtajia, anacheka kwa furaha.

Ba Chilufya alitoka nje. Tulimsikia akisukutua kinywa, muda mrefu. Aliporudi aliuliza kwa upole nani alimwelekeza. Nadine alinitazama. Kisha akamgeukia Ba Chilufya.

"Hakuna mutu, papa. Ni miye sikuuliza."

Niliangalia sahani yangu.

Alhamisi, 16 Mei

Nadine alikula peke yake, uani. Nilimfuata. Nikamuuliza kwa nini hakunitaja. Kwa Kiswahili, kwa sauti ya chini. Aliendelea kutafuna kwanza.

"Wangekufukuza, yaya. Ungeenda kwa nani? Miye niko na watu kule kambini, tunakulaka sahani moja. Weye hauna mutu."

Hakusema kwa ubaya. Usingizi hauji.

Ijumaa, 31 Mei

Nimebakishwa. Ba Chilufya alisema ninajua desturi za hapa. Nilitaka kufungua mdomo. Nilisema asante. Nadine alikusanya vitu vyake, akaniaga kama dada. Anakwenda Chienge kuuza samaki na shangazi yake.

Jumatatu, 3 Juni

Vibali vichache, upepo ulikuwa mkali ziwani. Zamu yangu. Majani na karanga. Walikula, wakazungumza habari za barabara. Mama Mutale aliniuliza kama Nadine alisema atarudi lini. Nikasema hakusema. Akalisogeza bakuli la mboga yangu katikati ya meza, likiwa bado nusu, akaenda kunawa.