Cuca Hakuwa Mhispania

Mtaa wa Buena Vista,
Los Angeles.
21 Novemba 1926

Mpendwa Mama Mdogo Tomasa,

Pokea salamu zangu na za Mama. Goti lako linaendeleaje tangu ulipoteleza kisimani? Mbuzi wamezaa? Huku tu wazima wa mwili. Mama hula nusu ya tortilla, nusu anaiacha, na siku hizi hulala na viatu.

Telegramu yetu ilisema tu kwamba Cuca amefariki. Mdogo wangu aliuawa na kichomi. Watu wa kampuni yake ya sinema walikuwa wakipiga picha ya gharika, wakammwagia maji ya mpira tangu asubuhi hadi jua kuchwa. Alipoanza kukohoa walimcheka. "Kohoa tu, binti, sinema haina sauti!" Aliniambia hayo yeye mwenyewe kitandani, na akajaribu kucheka pia.

Najua gazeti limefika huko. Limeandika kwamba amekufa Inés de Valflor, Mhispania, yatima wa Sevilla, asiye na ndugu. Yatima! Na mama yake yupo hapa jikoni anachambua maharage.

Watu wa kampuni hawakutaka msichana wa Meksiko, wa Sonora kwetu. Wakamtungia jina, kasri na wazazi waliokufa. Waandishi wa magazeti walipokuja nyumbani, Mama alifunga aproni na kuwaletea chokoleti ya moto, na Cuca akalazimika kusema, "Asante, Petra," kana kwamba anamshukuru mtumishi. Kisha alikimbilia jikoni akambusu mikono huku analia. Mama alimfuta poda iliyochuruzika akamwambia, "Rudi kwa wageni wako, mwanangu. Na ukae wima, umejikunja kama mchuma machungwa."

Mama alivumilia hayo kwa miaka. Sasa nikuambie yaliyompata.

Tulisali rozari jioni tisa, kama mnavyosali huko. Sebuleni, mahali jeneza lilipolazwa, tulichora msalaba wa chokaa sakafuni. Jioni ya mwisho, kabla baba wa ubatizo wa Cuca, don Eusebio, hajauinua kwa kuizoa chokaa ipelekwe kaburini, aliingia bwana Haskell wa kampuni na mpiga picha. Hawakupiga hodi. Wakasimika mguu wa taa katikati ya msalaba, na Haskell akasimama juu yake kwa viatu vyake vya kung'aa.

"Wewe, Petra," akamwambia Mama, "fagia hii chokaa, inaharibu picha. Halafu tuletee kahawa."

Wanawake wakanyamaza katikati ya Salamu Maria. Don Eusebio akasema, "Bwana, umemkanyaga marehemu."

"Marehemu yuko makaburini, mzee wangu."

Mama akainuka. Hakupaza sauti. "Mimi si Petra. Naitwa Jovita, na huyo uliye juu yake nimemzaa mimi. Ondoa miguu."

Haskell akatabasamu. "Mama, ukisema hivyo mbele ya waandishi, basi lile jiwe la marumaru tulilowaahidi kwa kaburi, msahau."

"Lipeleke Sevilla," Mama akasema, "kwa wazazi wake."

Walipoondoka, chokaa iliondoka na soli zao hadi barabarani. Nilitoka na ufagio wa mkono nikijaribu kuikusanya, na gari lao likapita juu ya iliyobaki. Mama Mdogo, unajua sijui kutukana. Siku ile nilitamani ningekuwa nimefundishwa.

Padri anasema sala zetu zimepokelewa. Mama hakubali. Anasema hakuna aliyeinua msalaba, kwa hiyo mwanawe bado amelala chini ya viatu vya watu. Anataka tuanze upya, chokaa mpya, jioni zote tisa, na kichwa cha msalaba ukiinue wewe uliyemshika siku ya ubatizo. Hatutaanza bila wewe. Nakuomba upande treni ya Nogales mara upatapo barua hii.

Kampuni imeapa kuandika Inés juu ya kaburi, marumaru iwepo isiwepo, na huenda wakaandika, maana mkataba wanao na sisi hatuna wakili. Lakini sebuleni kwetu hawana mkataba. Wewe utainua msalaba na kutaja jina lake la ubatizo kwa sauti, mlango ukiwa wazi, mtaa mzima usikie: Refugio Bojórquez, binti wa Jovita.

Msalimie Baba Mdogo Librado, na umbusu Chepina na kichanga chake. Mungu akushike mkono kila utakaposhuka na kupanda.

Mwanao anayekupenda na kukungoja,
Eloísa