Maji Yalipolala

4 Machi

Binti yangu mpenzi,

Hujambo huko uliko? Mimi sijambo, goti tu ndilo linaloninung'unikia kila nikikanyaga cherehani.

Leo asubuhi maji yamelala. Unajua nisemacho, umekua ukisikia mtaa mzima ukinong'ona: bahari inatulia ghafla, haina hata kiwimbi, na ukisimama majini unawaona wako waliotangulia, kama watu walio upande wa pili wa dirisha. Miaka mitatu tangu baba yako afariki nimekwenda nikarudi bure. Leo nimemwona. Yupo na ovaroli yake ya kivukoni, grisi na yote.

Lakini mwanangu, amebeba mtoto. Mchanga kabisa, kavaa kofia ya njano ya kufuma. Nimeuliza majirani wote, hakuna aliyefiwa na mtoto. Kofia yenyewe mishono imerukaruka, aliyeifuma hakufundishwa na mimi! Wewe unamjua?

Mama yako

19 Juni

Mama,

Shikamoo. Nisamehe kwa kimya cha miezi mitatu. Mwili ni mzima.

Kofia ile niliifuma mimi.

Mwaka juzi nilijifungua mtoto wa kike. Mwenzangu alikuwa ameshaondoka. Mtoto aliishi siku kumi na moja. Sikukuandikia kwa sababu msiba wa baba ulikuwa bado mbichi, ningekutwisha vipi mwingine? Halafu kila siku iliyopita ikalifanya neno lenyewe kuwa zito zaidi. Barua yako niliisomea kazini, kwenye chumba cha kufulia cha hospitali. Nilikaa chini juu ya mashuka ya wagonjwa mpaka msimamizi akadhani nimeanguka.

Niambie, mama. Alikuwa analia? Baba anamshika shingo vizuri? Nilimzika nikijua anakwenda mahali ambako hana mtu.

Mwanao

2 Julai

Mama wa mjukuu wangu,

Marahaba. Uchungu wa mwana aujuaye ni mzazi, na wewe umeubeba peke yako kama mtu asiye na kwao. Sikugombezi. Nitakugombeza siku nyingine, machozi yakiniishia.

Halii. Kalala fofofo. Na shingo anaishika sawasawa, hata nimeshangaa. Wewe ulipozaliwa alikubeba kama injini yenye moto, mikono mbali na kifua, akaniita, "Njoo umchukue, nitamharibu!" Nadhani bibi yako kamfundisha huko.

Njoo, mwanangu. Siwezi kukuahidi kitu, maji hayana saa. Lakini njoo tungojee wote.

Mama yako

11 Januari

Mama yangu,

Shikamoo. Nimefika salama kutoka huko kwako, na jana nimerudi kazini. Mimi ninayefua mashuka mia kwa siku, gauni langu bado lina chumvi ya kwetu. Sina moyo wa kulitia majini.

Kuna jambo sikukwambia, na nimeapa sitakuficha tena kitu. Siku ile maji yalipolala, zikiwa zimebaki siku mbili niondoke, nilipowaona nilitaka kwenda. Sikuteleza, kama nilivyokudanganya. Miguu ilikwenda yenyewe, maji yakanifika kifuani, na woga sikuuona kabisa. Ndipo uliponikamata gauni kwa nyuma ukapiga kelele, "Yule ana mlezi! Mimi nina nani?"

Ulikuwa umefumba macho ukivuta kwa nguvu zako zote, kwa hiyo hukuona kilichofuata. Baba alikusikia. Alinitazama, akatikisa kichwa, akarudi nyuma hatua moja. Nikasema, "Baba, nipe nimshike kidogo tu." Akatikisa kichwa tena, kwa upole, vile alivyokuwa akininyima chai ya moto nikiwa mdogo.

Kisha akaushika mkono wa mwanangu, ule mkono mdogo kama jani, akaupunga. Unajua wanavyowapungisha watoto mlangoni mama anapokwenda kazini? Vile vile. Mtoto akafumbua macho. Mama, ana macho yako.

Nilikuwa nimejiandaa kwa kila kitu isipokuwa kuagwa. Siku zile kumi na moja zilipokwisha, hakuna aliyeniaga.

Nikampungia. Nikampungia mpaka kiwimbi cha kwanza kikapita juu yao, nikageuka, nikakushika mkono, tukatoka.

Mwanao