Bega Ndilo Huisha Kwanza

Shija mjukuu wangu, mume mtoro,

Miaka miwili hujakanyaga Usoke, kila nikiuliza unajibu, "Bibi, kazi nyingi." Haya, mimi niko Tabora mjini kwa dada yako Kabula. Barua hii nasema mimi, yeye anaandika. Amepewa kazi ya kuwavisha waigizaji wa wapagazi wa zamani kwenye sinema, na juzi mwongozaji alikunja uso: "Nguo hizi hazijasafiri. Kesho zikiwa hivi, natafuta fundi mwingine." Kabula akalia. Nikazigeuza nguo, kumbe kazichakaza makalioni, mabegani bado mpya! Nikacheka hadi kilemba kikadondoka. "Walibeba mizigo kwa matako? Mwanamume wa Kinyamwezi hubeba begani, bega ndilo huisha kwanza!" Tukasugua mabega kwa mawe, majivu na mafuta ya nyonyo, waigizaji wakiimba. Mwongozaji alipozishika akapiga kelele: "Hizi zimetoka Ujiji kwa miguu!" Kabula akaninyanyua juu kama debe tupu. Kazi imebaki yake, nami nacheka hadi sasa.

Nakupenda, mpumbavu wewe. Ukija, vaa shati lako la kazini, usilifue. Nitalikagua mabegani nijue kama kweli ni kazi iliyokuzuia.

Bibi yako