Miaka Miwili ya Tiberio

Malvern, Johannesburg
Novemba 2017

Yaya Feza, dada yangu mkubwa,

Amani iwe nyumbani kwako. Goti lako linaendeleaje? Na mama, bado anabishana na daktari au ameanza kumeza dawa? Sisi ni wazima. Saluni yangu hapa Jules Street inapata wateja, na Ester wetu anakusalimu, ingawa nikimsemesha Kiswahili ananijibu Kizulu.

Ila moyo wangu haujatulia, na sina mwingine wa kumwambia. Nina wivu, yaya. Nasema wazi.

Unajua shemeji yako ndiye anayefundisha Biblia kanisani kwetu, Troyeville, kabla ya ibada. Mwaka huu amekuja mwanamke kutoka Uvira, mshonaji, anayesema ni mjane. Anaitwa Mama Solange. Ana sauti ya kubembeleza, na hukaa kiti cha mbele kabisa. Tangu aje, kwangu chakula hakiliwi bila kusikia "Mama Solange anasema". Hata chumvi ya mboga yangu ya sombe ameitolea maoni.

Walifika Luka sura ya tatu, pale Yohana anapoanza kuhubiri katika mwaka wa kumi na tano wa Kaisari Tiberio. Mume wangu akafundisha kwamba miaka hiyo inahesabiwa tangu Augusto, baba yake wa kambo, alipokufa na Tiberio akabaki akitawala peke yake. Mama Solange akapinga. Akasema wako wanaohesabu tangu Augusto alipomshirikisha utawala, kama miaka miwili kabla ya kufa, na kwa hesabu hiyo hata kazi ya Yesu inaanza mapema zaidi. Wakabishana Jumapili baada ya Jumapili. Kila alipobanwa, mume wangu alitabasamu. Nikimbana mimi, hununa.

Sasa sikia kilichoniuma. Kila mwaka kanisa huwaita mbele waliotimiza miaka kumi ya ndoa, waombewe. Mahari yangu ilipopokelewa miaka kumi iliyopita, wewe ndiye uliyenitoa chumbani nikiwa nimefunikwa kitenge. Kanisani tulifunga miaka miwili baadaye, Ester ameshazaliwa. Nikamwambia mume wangu kuwa safari hii ni zamu yetu. Akakataa, eti ndoa huhesabiwa tangu kanisani, kwa hiyo tuna minane tu. Nilibembeleza, nikalia. Nikamuuliza ile miwili nilikuwa nampikia nani. Akawasha redio.

Jumapili iliyofuata akatufanya sisi mfano darasani. Mbele ya watu wote akasema Tiberio ni kama yeye na mkewe, hesabu huanza jambo linapokamilika. Nilitamani sakafu inimeze. Mama Solange akasimama, kwa upole wake ule ule.

"Baba Ester, mali ya kumuoa ilitoka, wazee bakapokea. Ni bibi yako tangu siku ile. Ile miaka unaitupa wapi?"

Mume wangu akacheka, akakubali kwamba ameshindwa. Siku hiyo hiyo akatuandikisha.

Eish, yaya. Nilichokililia mimi jikoni, yule mwanamke alikipata kwa kuuliza tu. Heri ningeikosa haki yangu kuliko kuipokea mkononi mwake.

Jana tuliitwa mbele. Pasta alipoanza kuomba, mume wangu akafumba macho. Mimi nikafumbua, nione kama yule mwanamke anamtazama. Alikuwa analia, wala hatazami mtu. Ibada ilipoisha nikamfuata nikiwa nimeshanoa ulimi, nikamuuliza analilia nini penye ndoa yangu.

"Mali yangu nayo ilitoka," akasema. "Bwana yangu akakufa mbele ya kufika kanisani. Kwa hesabu yao, mimi sikuolewa, na siko mjane."

Nikamshika mkono, nikampeleka kwa mume wangu, nikasema kwa sauti kwamba huyu ni mjane, na asiyekubali aje aniambie mimi. Nilimaanisha, yaya, Mungu ananiona.

Kisha nikamwomba Mama Solange Jumapili ijayo akae nyuma, pamoja nami.

Nisalimie mama, mjomba wetu fundi baiskeli, na binti yako anayesomea uuguzi. Shemeji mwambie asichoke kukusugua hilo goti.

Ni mimi mdogo wako,
Furaha