Wimbo wa Kunyonyoa Jogoo

Kianda, Kibera

Kukhu, nyanya yangu,

Huku tuko sawa, ni matope tu. Ile albamu yangu ya nyimbo za Krismasi za huko kijijini, ushago, imeisha. Niliweka na ule wimbo unaoimba ukinyonyoa jogoo.

Jana Anti Lenah aliusikia, akaacha kusonga ugali. "Wewe Immaculate, huo ni wa matanga! Kukhu aliuimba tukimzika babu yako, wiki ya Krismasi."

Mimi nilidhani ni wa furaha, kwa sababu huwa unatabasamu ukiuimba. Studio ya Kawangware inaiachilia albamu wiki ijayo.

Shivachi, yule kijana wa jirani yako, atakusomea barua hii. Kwa simu ningelia. Ukikataa usiwe kwa albamu, nitaufuta. Ukikubali ubaki, niambie tu babu alikuwa anakuchekesha na nini, hadi leo ukiuimba unatabasamu.

Mjukuu wako mwoga,
Immaculate