Kwa Wifi Yangu Sayuri, Aliyebeba Wenzake Chini ya Maji

Wifi yangu Sayuri,

Ujumbe wako wa juzi ulinikuta mapokezi, pale shuleni kwetu Al Barsha. Mzazi mmoja alikuwa kasimama mbele yangu anasubiri risiti ya sare. Nikamwomba radhi, nikaenda kujifungia chooni niusome tena. Unakuja Dubai mwezi ujao na wasichana unaowafundisha, mtafanya mazoezi wiki moja, mtalala hotelini. Na chini yake, kwa kile Kiswahili chako ulichofundishwa na Mama, ukaandika: "Usimwambie mtu, Zuwena. Sitaki kumtia mtu dhiki."

Ningeweza kukupigia, lakini kwenye simu wewe husema "sawa, sawa" hadi mtu anasahau alichotaka kusema. Kwa hiyo naandika. Wapo wanaoniambia sina wifi tena, kwa kuwa kaka yangu Nassor keshaoa mwingine na maisha yamekwenda mbele. Mimi nataka nikukumbushe tulikotoka, mimi na wewe.

Nassor alipokuleta nyumbani Mirdif kutoka Osaka, ulikuwa umeshasilimu, umejifunga mtandio kwa pini nyingi kuliko zinazohitajika, na hujui neno la Kiswahili isipokuwa "asante" na "maji". Mama akakutazama mabega. Alipokwenda jikoni akaniuliza kwa sauti ya chini, "Huyu mtoto kabeba nini?" Mwaka haukuisha ukawa unazungumza Kiunguja cha Mama mtupu, hata wageni kutoka Unguja wakiisikia sauti yako ukumbini walitafuta Mswahili aliyejificha nyuma yako.

Ulinieleza mwenyewe, tukimenya vitunguu. Tangu utotoni ulikuwa ukiogelea ule mchezo wa muziki, watu wanane wakienda kama mtu mmoja. Hukuwahi kuogelea peke yako wala wawili. Wewe ulikuwa wa timu tu, na ndani ya timu ulikuwa wa chini: unabaki ndani ya maji bila pumzi, mwenzako anasimama mabegani mwako, unamrusha juu hewani. "Watu wanamwona anayeruka," uliniambia. "Wakimwona wa chini, basi kuna kitu kimeharibika."

Nilicheka. Wewe hukucheka. Ukaniambia kwamba mashindano makubwa ya kwanza ulikaa jukwaani kama mchezaji wa akiba, vazi la kuogelea limevaliwa ndani ya suti ya michezo, na hukuitwa. Ya pili uliingia. Katika fainali mguu wa mwenzako uliteleza begani mwako, akaanguka kabla hajaruka, na timu yenu ikatoka bila medali. Hakuna hata mmoja kati ya wale saba aliyekulaumu. "Ndilo lililonishinda," ulisema. "Wangenigombeza ningelala." Ukaacha kuogelea, ukaolewa, ukaja kwetu.

Halafu ikaja ile simu ya kocha wako. Mmoja wa wale wa chini kaumia, timu inatafuta mtu mzoefu, njoo ujaribiwe. Hukumwambia mtu isipokuwa Nassor na mimi. Nassor akasema fanya mazoezi kwanza, tuone bega linasemaje. Mimi nikamwomba mwalimu mkuu, akakuruhusu kutumia bwawa la shule alfajiri, kabla ya mabasi ya watoto, kwa sharti kwamba Betty awepo. Unamkumbuka Betty, mwokoaji wetu wa bwawani kutoka Uganda, na filimbi yake aliyoifunga kwa kamba ya viatu. Yeye na mimi ndio tuliokuwa timu yako. Ulituweka ndani ya maji yanayotufika kifuani, mmoja kulia mmoja kushoto, ili usipoteze nafasi yako katikati ya watu ambao hawapo. Mimi na burkini yangu ya kuazima, lile vazi la kuogelea la stara, natetemeka, Betty anahesabu na wewe kwa Kijapani, moja hadi nane, kisha mwanzo tena.

Nyumbani Mama alikuona umesimama mbele ya jiko umefumba macho, mikono inakwenda hewani, midomo inahesabu. Akanivuta kando akaniuliza kama umeingiwa na kitu. Nikamwambia ni mazoezi, timu yako ya zamani imekuita. Hakuniuliza zaidi, lakini jioni akakuita, akakukalisha chini kwenye mkeka, akaanza kulikanda lile bega lako la kushoto kwa mafuta ya karafuu. Akafanya hivyo kila siku. Mwenyewe alikuwa anakanda asichokikubali, maana habari ya kuonekana na dunia nzima umevaa vazi lile ilimkera, na hakuficha.

Sasa nifike kwenye asubuhi ile. Sijawahi kuizungumza na wewe tangu itokee.

Ulikuwa unavuka bwawa chini ya maji bila pumzi, unageuka, unarudi. Ulishafanya hivyo mara nyingi. Mimi nilikuwa ukingoni na taulo lako. Nilikuona unageuka ukutani, ukasukuma, ukaja, kisha mikono ikaacha kwenda. Nilidhani unapumzika. Akili yangu ya mtu wa nchi kavu ilidhani mtu anaweza kupumzika kule chini. Betty hakudhani kitu. Alikuwa keshajitupa na viatu vyake.

Tulikulaza kwenye vigae. Midomo ilikuwa ya rangi ya zambarau. Betty akakuinua kidevu, akakupulizia pumzi, na mimi nikawa nasoma kila dua ninayoijua kwa sauti ambayo sikuitambua. Ukakohoa. Ukafungua macho, ukatutazama mmoja mmoja, na neno lako la kwanza lilikuwa, "Nilifika ukutani?"

Betty akasema, "Madam, ulikuwa unakufa."

Ukanishika mkono. "Zuwena, usimwambie Nassor."

Nikakwambia, "Nitamwambia leo." Na nikamwambia. Sijutii, Sayuri, wala sikuombi radhi kwa hilo. Lakini uso ulionigeuzia garini tukirudi Mirdif bado ninao.

Jioni tulikaa ukumbini, wewe, Nassor, Mama na mimi. Chai ikapoa. Mama alianza na lile la mavazi, kwamba mke wa watu hajianiki mbele ya walimwengu, na Nassor akamkatiza kwa upole ambao ulinitisha kuliko kelele. Alisema yeye hana neno na mavazi, hilo ni lako wewe na Mola wako. Asichokiweza ni kupigiwa simu na mtu asiyemjua, kwa lugha anayoijua nusu, aambiwe mkewe hakutoka majini. Akakuomba uache.

Ulisogeza kikombe chako pembeni. Kisha ukasema, kwa Kiswahili ili Mama asikie, kwamba hutaki medali. Unataka mtu asimame begani mwako mara moja tena na asianguke. Ukasema hutabana pumzi tena bila kocha kando yako, utafuata daktari wa timu, utafuata kila sheria. Lakini utakwenda.

Nassor akavua miwani akaifuta. "Sitakuzuia," alisema. "Ila nakwambia kweli, sijui mimi nitakuwa nani ukirudi."

Mama aliinuka akaenda kuswali, na hakutoka chumbani mpaka tulipokwisha kula.

Ulipokuwa unafunga sanduku alikuletea chupa ya mafuta ya karafuu, kaifunga kwa plastiki na kitambaa isimwagike kwenye nguo. Akaiweka juu ya nguo. Ukafunga zipu. Mimi ndiye niliyekupeleka uwanja wa ndege, na njia nzima tulizungumzia foleni.

Ulijaribiwa, ukachukuliwa, na miezi ikapita. Uliandika kidogo. Bega linauma, unalala kwa saa nne tu, mnapaka nywele jeli ya kuyeyusha kwa maji moto ili zishikamane majini, na umeipata ya samaki, mwambie Mama si ya nguruwe. Nikamwambia. Akasema, "Alhamdulillah," kisha akajifanya anatafuta kisu.

Siku ya fainali ya mashindano makubwa niliomba ruhusa shuleni. Ilikuwa mchana. Nassor alikwenda kazini kule Silicon Oasis kama siku nyingine, akaaga bila kuitaja. Mama akakaa ukumbini na sinia la mchele anachagua, kaipa televisheni mgongo. Mlipotoka kwenda ukingoni, wanane, vazi moja, nywele moja, tabasamu moja, mimi mwenyewe sikukujua. Nikasogea hadi kwenye kioo. Namtafuta wifi yangu na simwoni.

Mama akageuka. Akatazama mara moja. "Yule wa tatu," akasema. "Bega la kushoto limeshuka."

Na kweli ulikuwa wewe.

Akaacha kuchagua mchele. Muziki ulipoanza, kila mlipozama nyote na maji yakafunga juu yenu alinishika goti. Mnakaa chini mno, Sayuri. Hamjui nyinyi mnakaa chini kiasi gani kwa mtu aliyeko nyumbani. Kisha kamera ikaingia ndani ya maji, tukawaona wa chini mnakusanyika, tukaiona miguu ya yule msichana ikipanda mabegani mwako, ikitafuta mahali pa kukaa. Mama akasimama, mchele ukamwagika wote, akawa anasema, "Ya Latifu, ya Latifu," na mimi nimefumba macho.

Ni yeye aliyeniambia. "Fungua macho. Karuka."

Mlipata shaba. Simu yangu ikalia kabla hamjapanda jukwaani. Alikuwa Nassor. Kumbe alikuwa ameangalia garini, kwenye maegesho ya kazini, mwenyewe. Akasema tu, "Amemshika." Nikangoja aendelee. Nikasikia anavuta pumzi, kisha akakata.

Yaliyofuata hayahitaji maneno mengi. Bega likapasuliwa, daktari akakukataza safari, kisha kocha akakuomba ubaki uwafundishe wadogo, na ukabaki. Nassor alikuja huko mara moja akarudi peke yake. Mliachana bila ubaya, na hakuna siku iliyopita nikamsikia akikutaja vibaya. Sasa anakaa Sharjah na mkewe, na mkewe ni mtu mwema. Nakwambia haya ili usiyasikie ukingoni mwa bwawa kutoka kwa mtu mwingine.

Umeniomba nisimwambie mtu. Ya Nassor nitakuachia mwenyewe. Lakini Mama nimemwambia, kama siku ile nilivyomwambia Nassor. Jana, baada ya alasiri, nilimwambia kwamba Sayuri anakuja na wasichana, watakaa wiki, watalala hotelini. Nilitegemea anyamaze, maana siku hizi kila jambo linalomgusa Nassor hulinyamazia.

Alinitazama kama mtu aliyetukanwa.

"Hotelini kwa nani?" akasema.

Tangu hapo nyumba haikaliki. Magodoro yameanikwa juani uani. Ananiuliza kama wasichana wa Kijapani wanakula mbatata za urojo au zitawaumiza matumbo. Nimemwambia wasichana wana taratibu zao na watalala na timu, akakubali kwa shida, lakini chumbani kwako amekwisha kutandika shuka. Na amesema jambo ambalo sikutegemea kulisikia kinywani mwake: kwamba nimpeleke bwawani, akae kwenye kiti, akuone ukiwa nje ya maji unapumua.

Kwa hiyo usinijibu "sawa, sawa". Nijibu ndege yako inatua saa ngapi.

Nakuombea safari yenye salama, wewe na watoto wako wa majini.

Mimi, wifi yako, jana na leo,
Zuwena